Shajara ya chungu: kufinyanga bila gurudumu, Tanga, Juni hadi Agosti

Jumamosi, 14 Juni

Chungu cha Bibi kilipasuka wiki iliyopita, siku ya Idi ya Kuchinja, mchuzi ukiwa jikoni. Hakikuanguka wala hakikugongwa na kitu. Kilitoa ufa kutoka mdomoni hadi kitakoni, tui likamwagikia makaa, nyumba nzima ikanuka nazi iliyoungua. Chungu hicho kilikuwa na umri kunizidi. Vigae vyake nimeviweka kwenye kapu nyuma ya mlango; nilishindwa kuvitupa.

Sufuria ninazo sita. Lakini samaki wa nazi kwenye sufuria ni lazima usimame naye, ukigeuka tui limekatika. Chungu hushika moto taratibu na kuuachia taratibu, ukikiepua mchuzi unaendelea kutokota wenyewe. Nataka kingine, na nataka kitoke mikononi mwangu. Bibi alifinyanga, mama yake alifinyanga, mama mkubwa anafinyanga mpaka leo kule Muheza. Mimi nilikulia mjini, nikashika kalamu.

Kazi niliyojipa: chungu kimoja cha kupikia, cha kutosha samaki wa watu sita, kitakachokaa juu ya mafiga bila kupasuka. Kabla yake nitafanya mazoezi kwa vyetezo vya udi. Jirani aliniuliza nitafinyangaje bila ile mashine ya kuzungusha. Bibi hakuwahi kuiona. Wanawake wa Kipare kule Usangi na Wakisi wa Ziwa Nyasa, ambao vyungu vyao huuzwa gulioni Matema, wamewapikia watu vizazi na vizazi bila gurudumu la kupigwa kwa mguu. Kila nikilitamka neno kufinyanga nasikia kufinya ndani yake, na kufinya ni kazi ya vidole.

Leo nimechimba ndoo mbili za udongo upande wa Amboni, ukingoni mwa kijito. Nimeuviringisha kama kidole, nikauzungusha kwenye kidole changu cha shahada. Haukupasuka. Nikafurahi, nikaubeba.

Jumapili, 22 Juni

Wiki nzima imekwisha kwenye kusafisha. Udongo nimeuanika mpaka ukawa mgumu kama jiwe, nikauponda, nikauloweka kwenye pipa. Mabonge makavu kabisa huyeyuka majini yenyewe kwa muda mfupi. Mabichi hukaa siku nzima hayajalainika katikati. Kisha nimeuchuja kwa kipande cha chandarua, nikauacha utuame, nikamwaga maji ya juu, na uji uliobaki nikaumwaga juu ya gunia kivulini.

Nimetengeneza pia kipande cha kupimia: kibapa kirefu chenye mistari miwili iliyoachana sentimita 10 kamili. Kimekauka, na sasa kati ya mistari kuna sentimita 9.2. Udongo umesinyaa kwa asilimia 8, na huo ni usinyaaji mkubwa. Chungu chenye mdomo wa sentimita 25 kitapoteza sentimita mbili kikikauka, na pale ambapo upande mmoja utakauka kabla ya mwingine, patatoka ufa.

Leo mikono imeingia kazini. Kitako nakifinya kutoka kwenye tonge moja: dole gumba ndani, vidole vinne nje, nageuza kidogo, nafinya, nageuza. Nakiweka ndani ya bakuli lililovunjika ukingo, nimelipaka jivu ili udongo usigande, na chini ya bakuli kuna jani la mgomba, kwa hiyo naweza kulisukuma lizunguke. Juu ya kitako naongeza kamba za udongo, unene wa dole gumba, moja baada ya nyingine. Kila kamba lazima ivutwe chini kwa kidole upande wa ndani na ipandishwe juu kwa nje, mpaka mshono upotee. Kamba iliyobandikwa tu huonekana imeshika, lakini ikikauka inabanduka kama ganda.

Wahenga walisema udongo uwahi ungali maji. Nimeuwahi mno. Kamba ya nne ilipokaa, tumbo likalegea, chetezo kikakaa kama andazi lililokosa moto. Nikakibomoa. Safari ya pili nimesimama baada ya kila kamba mbili, nikanywa chai, nikarudi sehemu ya chini ikiwa imeshika kidogo. Vimesimama vitatu.

Jumatano, 25 Juni

Kusi imevuma usiku kucha na mimi nilikuwa nimeviacha barazani. Vyote vitatu vina nyufa mdomoni, upande ule ule mmoja, uliokuwa unatazama upepo. Mdomo ni mwembamba, ulikauka na kusinyaa wakati tumbo bado bichi na halijaanza kusogea. Nimejaribu kuziba kwa udongo laini. Kiraka kimekauka na kupasuka pale pale. Nimevirudisha kwenye pipa, kwa kuwa udongo ambao haujaonja moto haupotei.

Vipya nitaviweka stoo, vimefunikwa gunia lenye unyevu, midomo ikiwa chini.

Jumamosi, 5 Julai

Moto wa kwanza. Vyetezo vitano na bakuli mbili, vimekauka siku tisa. Nilivishika shavuni: kitu chenye maji ndani huwa cha baridi kwenye ngozi. Viwili vilikuwa na ubaridi kidogo, nikajiambia jua la asubuhi litatosha.

Nimechimba shimo la kina cha kiganja, nikatandika makumbi ya nazi, nikavipanga midomo chini, nikavizungushia vifuu na kinyesi kikavu cha ng'ombe, nikafunika makuti, nikawasha kwa juu. Baada ya dakika kumi nikasikia pu, kisha pu tena. Ni vile viwili. Maji yaliyobaki ndani ya ukuta yakifika nyuzi 100 yanageuka mvuke, na mvuke hauna subira ya kutafuta njia ya kutokea.

Vitano vilivyobaki vimetoka vyekundu, vina mabaka meusi pale kifuu kilipovigusa. Nimekaa navyo mapajani mpaka magharibi. Niliwapigia simu nusu ya ukoo.

Jumanne, 8 Julai

Sijui nianzeje. Asubuhi nimekuta unga mweupe na vibanzi vidogo sakafuni chini ya rafu. Vyombo vyote vitano vinabanduka. Kila mahali ngozi ya nje imeruka, na katikati ya kila kishimo kuna nukta nyeupe, ndogo kuliko punje ya mtama. Nilipokuwa nikitazama, kibanzi kimoja kikaruka mbele ya macho yangu, bila kuguswa, kwa sauti ya ukucha unaokatwa.

Mzee wa nyumba ya tatu alichoma chokaa ujanani. Nilimpelekea bakuli. Hakumaliza hata kuligeuza. "Mwanangu, umechimba wapi?" Nikamwambia. Akacheka kwa upole. "Amboni yote ni mawe ya chokaa. Mapango yale maji yameyachimba ndani ya chokaa. Wewe umefinyanga chokaa na udongo pamoja."

Akanieleza jinsi inavyokuwa, na nayaandika hapa kwa ajili ya yeyote atakayechimba karibu na pwani. Punje ya jiwe la chokaa ikichomwa haionyeshi ubaya wowote. Imeungua, imekuwa chokaa kavu. Ikitoka motoni inaanza kunyonya unyevu wa hewa, na hewa ya Tanga haina uhaba wa unyevu, nayo inavimba kama chokaa ya ujenzi inavyovimba ikimwagiwa maji. Imefungiwa ndani ya ukuta mgumu, haina pa kuvimbia, inaupasua. Chandarua changu kilipitisha punje hizo zote.

Dawa ni kupima kabla ya kuchimba. Weka tonge kavu kwenye kisosi, litonee siki. Likitoa mapovu na kuchemka, uache udongo huo mahali pake. Nimeutonea wa kwangu. Umechemka kama soda. Matone machache ya siki yangeniokolea majuma matatu.

Jumamosi, 12 Julai

Muheza. Nimefika saa nne, nimempa mama mkubwa shikamoo, na kabla sijakaa ameniomba nimwonyeshe mikono. Akaangalia kucha. "Zikate."

Udongo wake anauchimba bondeni, kwenye njia ya kwenda Amani, chini ya tabaka la udongo mweusi, kina cha mkono hadi kiwikoni. Ni wa kijivu na una vimeta vya ulanga vinavyong'aa juani. Nimeutonea siki niliyoibeba kwenye chupa ya dawa, haukusema kitu. Yeye hajawahi kutumia siki. Anautafuna kidogo kwa meno ya mbele na kuutema, na anajua.

Nimemtazama akifinyanga mtungi kuanzia saa tano mpaka adhuhuri, na nimeelewa kwa nini swali la jirani yangu lilikuwa limekaa upande. Mtungi umekaa juu ya gae, hausogei. Anayesogea ni yeye. Ameinama kiunoni, miguu imenyooka, mkono wa kushoto uko ndani ya mtungi, wa kulia nje umeshika kipande cha kifuu, na anazunguka kinyumenyume, hatua ndogondogo, akivuta udongo kutoka chini kwenda juu kwa kila hatua. Ana miaka zaidi ya sabini. Sakafu ya udongo mbele ya jiko lake ina duara lililolika, upana wa nyayo mbili.

Nimewahi kuona picha za mfinyanzi Ladi Kwali wa Nigeria, yule ambaye mtungi wake na sura yake viko kwenye noti ya naira 20, naye akiuzunguka mtungi vivyo hivyo. Magdalene Odundo, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1950 na kufanya kazi Uingereza, alikwenda Abuja kujifunza kwa Ladi Kwali na wanawake wenzake, na mpaka leo vyombo vyake vinavyokaa kwenye makumbusho makubwa ya dunia anavipandisha kwa kamba za udongo, kwa mkono. Nilimweleza mama mkubwa habari hizo akiwa anafuta kifuu chake. Akauliza jambo moja tu: "Anapikia?" Nikamwambia ni vya kutazamwa. Akatikisa kichwa, akaendelea.

Baada ya chakula nikamweleza habari ya chungu cha Bibi. Alinyamaza kidogo. Kisha: "Vigae umevitupa?"

"La, mama mkubwa. Ninavyo."

"Basi kasage. Udongo mtupu haupikii. Udongo wa chungu lazima uchanganywe na chungu kilichokwishaona moto. Mama naye alisaga cha mama yake."

Nimerudi Tanga na ndoo tatu za udongo juu ya basi, na tonge mbili za mfano zimefungwa kwenye jani.

Jumapili, 20 Julai

Kapu lilikaa mbele yangu tangu Jumatatu. Jana jioni ndipo nimeanza.

Vigae vya nje ni vyeusi kwa masizi ya miaka, vya ndani vina rangi ya kahawa, vimekunywa mafuta ya nazi mpaka katikati. Vikivunjwa vinatoa harufu ya jikoni, siwezi kuieleza vizuri zaidi. Kwenye kigae cha shingo, upande wa ndani, chini kidogo ya ukingo, mahali ambapo mkono wa kulainisha haufiki, nimekuta alama nne za vidole zimepangana. Ni vidole vidogo. Bibi alikuwa mtu mfupi. Nimeweka vidole vyangu juu yake, cha shahada kimeingia sawasawa, vingine vimezidi. Michirizi ya ngozi yake inaonekana bado. Kigae hicho sikukisaga. Kiko dirishani.

Vingine nimevitwanga kwenye kinu na kuvichekecha kwa chekeche la unga, na vile vilivyokataa kupita nimevitwanga tena. Kipimo cha mama mkubwa ni bakuli moja la vigae kwa bakuli nne za udongo. Kibapa kipya cha kupimia kimekauka kutoka sentimita 10 hadi 9.4. Usinyaaji umeshuka hadi asilimia 6, maana punje za vigae zilikwishasinyaa zamani. Zina kazi nyingine mbili: zinaacha vinjia ambamo mvuke unatoka, na ufa mdogo ukianza safari ndani ya ukuta hugonga punje na kusimama hapo. Kwa chungu kinachotoka kwenye ndoo ya maji na kuwekwa motoni kila siku, hilo la mwisho ndilo uhai wake.

Mchanganyiko huu ni mkali mikononi. Baada ya saa moja ya kukanda viganja vinawaka.

Jumamosi, 26 Julai

Vyungu viwili vimesimama, kikubwa na kidogo, pamoja na chetezo kimoja.

Sikuvizungusha. Nimeweka gae katikati ya ua na mimi nikazunguka. Mwanzoni nilidhani ni suala la desturi, lakini ukuta umetoka sawa kuliko vyote nilivyowahi kufinyanga. Bakuli likizunguka juu ya jani la mgomba hukwama na kuruka, na kila linapokwama kidole kinaacha bonde. Miguu haikwami. Kiuno ndicho kinacholipa.

Kitako nimekifanya mviringo, bila pembe. Chungu cha kitako bapa hupata joto katikati kabla ya pembeni, na pale ukuta unapokunja kona ndipo hupasuka. Mviringo hukaa vizuri juu ya mafiga matatu na moto huulamba wote. Nilipokuwa nakikwangua kwa kifuu nilikuwa nakigonga kwa kifundo cha kidole kila upande kusikia unene. Sehemu moja karibu na kitako ilitoa sauti nzito. Nilikwangua, nikagonga, nikakwangua, nikaogopa kutoboa, nikaiacha.

Begani nimechora mstari wa pembetatu kwa ncha ya mwanzi, kila moja ikijazwa mistari ya kukatiza. Ndiyo nakshi ya mama mkubwa. Vigae vyenye pembetatu za aina hiyo vimefukuliwa Shanga kisiwani Pate, Unguja Ukuu na kwingineko pwani hii, vya tangu karne ya 6 hadi ya 10, vyote vya kufinyangwa kwa mkono. Sidai kwamba nakshi yetu imetoka moja kwa moja huko. Nilifurahi tu mkono wangu ulipokuwa unakwenda njia hiyo.

Vilipokauka nusu, ukucha unaacha alama lakini ukuta haupindi, nimevisugua kwa kokoto laini ya mtoni mpaka vikang'aa. Chungu kikubwa kimekula saa tatu.

Jumamosi, 9 Agosti

Siku kumi na mbili stoo, zikafuata mbili juani, nikivigeuza kila saa. Mama mkubwa amekuja na basi la asubuhi. Hakunituma neno kwamba anakuja.

Kwanza tuliwasha moto mdogo pembeni na kuvilaza vyungu karibu yake, midomo ikitazama moto, tukivigeuza mpaka vikawa vya moto kiasi cha kutoshikika. Hatua hii ndiyo niliyoiruka Julai. Imechukua saa mbili na nusu, na nilipotaka kuharakisha alinishika mkono.

Kisha jokoni. Makumbi chini, vyungu, vifuu, kinyesi pande zote, makuti, na juu kabisa vigae vikubwa vya mitungi iliyovunjika kuzuia upepo. Kusi ilikuwa imelala. Moto ulishika polepole, moshi ukawa mweupe, ukaisha, na kupitia mwanya kati ya vigae nikaona tumbo la chungu kikubwa limekuwa jekundu kama buni mbivu. Hapo udongo umevuka nyuzi 573, ambapo punje za mchanga mweupe ndani yake hutanuka ghafla, na maji yaliyofungamana na udongo wenyewe yamekwisha kutoka. Hauwezi tena kurudi kuwa matope.

Hapakuwa na pu hata moja.

Wekundu ulipozima na vyungu vikiwa bado vya moto sana, mama mkubwa alivitoa kwa fimbo mbili na kuvinyunyizia uji mwepesi wa mhogo kwa fagio. Ulichemka, ukawa kahawia, ukazama ndani. Uji huo huziba vitundu vya ukuta. Mtungi wa maji haunyunyiziwi. Mtungi unapaswa kutoa jasho, ndilo linalopoza maji.

Vilipopoa nikagonga. Chungu kidogo kimelia kama kengele. Kikubwa nacho kimelia. Chetezo kimetoa sauti ya bua. Kina ufa wa unywele chini ya mguu. Kitashika makaa, hakitashika maji.

Jumapili, 10 Agosti

Changu wawili, nazi tatu, ndimu, bizari. Nilianza na maji matupu kwa moto mdogo, chungu kikatoa jasho upande mmoja, matone madogo yakichuruzika mpaka kwenye mafiga. Moyo uliruka. Mama mkubwa alikuwa anakuna nazi, hakuinua kichwa. "Kiache. Leo kinakunywa." Tui jepesi lilipoingia jasho likapungua, na tui zito lilipoingia likakoma.

Tuliepua. Mchuzi uliendelea kutokota chini kwenye mkeka, dakika nyingi, watu wameshanawa mikono wanausubiri.

Baada ya kula aliosha chungu mwenyewe, akakigeuza, akapitisha kiganja kitakoni. Alisimama pale pale nilipoogopa kutoboa. "Hapa pazito."

"Najua, mama mkubwa."

"Usipikie kwa kuni za mkwaju, moto wake mkali. Tumia mkaa mwaka huu wa kwanza."

Chungu kidogo ameondoka nacho, kimefungwa kwenye khanga. Ndoo moja ya udongo wa Muheza imebaki, na nusu bakuli ya vigae. Nimeanza kitako cha mtungi jioni hii. Kamba mbili zimekaa, zimefunikwa gunia, nasubiri zishike.